Tunaotazamwa Kutoka Juu Tuna Haki ya Kuona

Kasulu na Kibondo ni nchi ya vilima, iliyo mbali na bahari kwa mwendo wa siku nyingi, na mtu aliyezaliwa huko aweza kuishi hadi uzee wake asiyaone maji chumvi yakijaa wala kupwa. Walakini naye yu chini ya hukumu ya mwezi, na dalili ya hukumu hiyo huiona sokoni. Dagaa wanaopandishwa kutoka Ziwa Tanganyika kuja kuuzwa katika nyanda za juu za Kigoma huvuliwa usiku kwa taa, maana dagaa hufuata nuru, na mvuvi awashaye karabai, au balbu za sola zilizochukua nafasi yake siku hizi, huwakusanya kando ya mtumbwi na kuwazoa kwa wavu. Mwezi ukiwa mpevu, nuru hutapakaa juu ya ziwa lote, taa ya mvuvi hukosa fadhila yake, dagaa hutawanyika, na wavuvi hukaa ufukweni siku kadhaa wakishona nyavu mpaka giza lirejee. Muuzaji wa Kasulu anapoulizwa na mteja wake kwa nini kisado cha dagaa kimepanda bei, sababu mojawapo iko kilomita 384,400 juu ya vichwa vyao wote wawili.

Mwezi ndio setilaiti ya kale kuliko zote tulizo nazo, nao una sifa moja ambayo zile tulizoziunda wenyewe hazina, yaani huonekana na kila mwenye macho. Mkulima wa Heru Juu, mvuvi wa Ujiji na mwanachuo wa Dar es Salaam huutazama mwezi ule ule, na mmoja wao akisema uongo juu yake wengine wawili waweza kumkanusha. Setilaiti za kuundwa, ambazo leo ni maelfu, zina tabia iliyo kinyume: aghalabu hatuzioni, ilhali zenyewe zinatuona, na kile zinachokiona hujulikana katika maofisi ya miji ya mbali kabla ya kujulikana, kama hujulikana kabisa, na mwenye shamba lililopigwa picha. Katika makala haya nataka kutetea kauli moja, nayo ni kwamba anayetazamwa ana haki ya kuona kinachoonekana, na ya kwamba kwa wilaya kama Kasulu na Kibondo haki hiyo itapatikana mapema zaidi kwa kufundisha wasomaji wa picha kuliko kwa kungojea taifa limiliki chombo angani.

Historia ya mkoa huu yenyewe yatoa ushahidi. Wasafiri Richard Burton na John Speke walipopita bonde la Mto Malagarasi na kuingia Ujiji mwezi wa Februari 1858, saa zao za kupimia longitudo zilikuwa zimekwisha kuharibika njiani. Msafiri wa zama zile aliyeharibikiwa na saa alibakiwa na saa moja isiyovunjika, nayo ni mwezi: alipima umbali wake kutoka kwenye nyota fulani, akatafuta katika kitabu cha hesabu za falaki ni wakati gani wa Greenwich umbali huo hutokea, na kwa tofauti ya nyakati akajua yuko wapi upande wa mashariki au magharibi wa dunia. Miaka 13 baadaye Henry Stanley alipenya nchi ya Waha usiku, kwa njia za msituni, akiikimbia hongo, yaani ushuru wa kupita, waliyomdai watawala wa nchi hiyo, akafika Ujiji akamkuta David Livingstone, ambaye kwa maradhi na kwa miaka ya kuwa mbali na wenziwe alikuwa amepotewa na hesabu ya siku. Aliyekuja kumsahihisha ni mwezi mwandamo wa Ramadhani. Waislamu wa Ujiji walianza kufunga tarehe 14 Novemba 1871, na Livingstone alipoulinganisha mfungo wao na kitabu cha falaki aligundua kwamba alikuwa ameitangulia tarehe ya kweli kwa siku 21. Tabibu huyo wa Scotland, mwenye vyombo vya kupimia jua na nyota, alirudishwa kwenye kalenda yake na watu waliotazama upeo wa magharibi jioni moja wakashuhudia walichokiona.

Nalikumbusha tukio hilo kwa ajili ya neno hilo la kushuhudia. Mwandamo haukubaliwi kwa kudhani. Husimama kwa shahidi mwadilifu ajulikanaye na watu, awezaye kuulizwa ameuona wapi, saa ngapi na ukiwa umeinama upande gani. Hesabu za falaki nazo zina sehemu yake, kwani zaweza kueleza ni jioni ipi mwezi waweza kuonekana na ni jioni ipi hauwezi, hata shahidi mwenye shauku kupita kiasi akapatiwa kipimo. Hesabu na ushahidi, kila kimoja kikimsaidia mwenziwe na kumzuia asipotoke: huo ndio utaratibu ambao jamii za Waislamu za mwambao na bara zimeurithi mintarafu ya setilaiti ya kwanza, na ndio ninaodai utumike kwa setilaiti hizi za pili.

Elimu ya miezi haikukoma kwenye mwezi wetu. Januari 1610 Galileo Galilei aliielekeza darubini yake kwenye Mshtarii akaona miezi minne ikiizunguka sayari hiyo, na kwa hiyo ikabatilika kauli ya kwamba kila kilichoko mbinguni huizunguka dunia. Mwaka 1676 Mdenmarki Ole Rømer, akifuatilia jinsi Io, mmoja wa miezi hiyo minne, ulivyochelewa kutokea nyuma ya Mshtarii kila dunia ilipokuwa mbali nao, alitambua kwamba nuru nayo husafiri kwa mwendo wenye kikomo. Mwaka 1877 Asaph Hall wa Marekani aliigundua miezi miwili ya Mirihi, na mmoja wao, Phobos, huizunguka sayari yake kwa muda usiotimia saa 8 na huku ukiikaribia kidogo kidogo; mwezi wetu, kinyume chake, hutuondokea kwa kiasi cha sentimita 3.8 kila mwaka, jambo tulilolijua kwa kupima safari ya nuru inayorudishwa na vioo ambavyo wanaanga wa Apollo 11 waliviacha huko mwaka 1969.

Sheria inayotawala miezi hiyo yote ni ile ile inayotawala vyombo vyetu, ya kwamba kilicho karibu sharti kiende mbio na kilicho mbali chaweza kwenda polepole. Mwezi, katika umbali wake, huimaliza duara yake kwa siku 27 na theluthi. Chombo kilicho juu ya ikweta kwa kilomita 35,786 huimaliza kwa siku moja, na kwa kuwa dunia nayo hujizungusha kwa siku moja, huonekana kimesimama mahali pamoja. Na chombo kilicho juu kwa kilomita 700 hivi huizunguka dunia kwa muda wa dakika 99. Anayeijua sheria hii moja ana ufunguo wa kufahamu mengi ya yale yanayofanyika angani, na haihitaji shule ya gharama kuifundisha.

Tarehe 4 Oktoba 1957 Warusi walirusha Sputnik, chombo cha kilo 83.6 kilichoizunguka dunia kwa dakika 96, na tangu siku hiyo mwezi ukapata wenzi. Afrika ya Mashariki iliingia katika habari hiyo mapema kuliko wengi wanavyokumbuka. Mwaka 1960 Uingereza na Marekani zilikubaliana kujenga kituo Unguja, na mitambo ikasimamishwa Tunguu ili kufuatana na wanaanga wa mpango wa Mercury wapitapo juu ya Bahari ya Hindi. John Glenn alipoizunguka dunia mara tatu tarehe 20 Februari 1962, sauti yake ilipokewa huko pia. Wazanzibari wengi walikitilia shaka kituo kile na kukipinga hadharani, maana hawakuona ni faida gani wanayoipata wala hawakuwa na njia ya kuhakikisha kinachofanyika ndani yake. Baada ya Mapinduzi ya Januari 1964 serikali ya Mzee Karume ilitaka kiondolewe, na kufikia Aprili mwaka huo kiliondolewa, kazi yake ikahamishiwa Madagaska. Wengine husimulia kisa hiki kuwa ni habari ya siasa za Mashariki na Magharibi tu. Mimi nakiona pia kuwa ni kisa cha watu waliokuwa na mitambo ya anga mlangoni mwao wasiweze kusoma hata mstari mmoja wa yaliyoandikwa na mitambo hiyo, na shaka yao ilikuwa tunda la halali la kutoshirikishwa.

Upande wa Kenya mambo yalikwenda kwa namna nyingine. Waitalia walisimamisha jukwaa la San Marco baharini karibu na Malindi, kwa sababu karibu na ikweta mzunguko wa dunia wenyewe hukipa chombo msukumo wa karibu kilomita 1,670 kwa saa, na kutoka hapo, kati ya mwaka 1967 na 1988, vilirushwa vyombo kadhaa. Kilichojulikana zaidi kilirushwa tarehe 12 Desemba 1970, siku ya kumbukumbu ya uhuru wa Kenya, kikaitwa Uhuru. Nacho ndicho chombo cha kwanza duniani kilichotengwa kwa ajili ya kuchunguza miali ya eksirei itokayo mbinguni, kikaorodhesha vyanzo 339 vya miali hiyo, na Riccardo Giacconi, aliyeiongoza kazi ile, alitunukiwa Nobeli ya fizikia mwaka 2002. Jina lilikuwa la Kiswahili, maji yalikuwa ya Afrika ya Mashariki, na elimu ikaenda ng'ambo. Sisemi hivyo kwa husuda, kwani elimu ni milki ya wanadamu wote. Nasema ili tujue kwamba kuwa karibu na mtambo, au hata kuupa mtambo jina letu, hakumfanyi mtu kuwa mshiriki wa maarifa yake.

Sasa na turejee juu ya Kasulu. Paa nyingi za mji huo zina dishi la televisheni, na yale ya Azam yote yameinua uso kuelekea magharibi, kana kwamba yanaichungulia Burundi na Kongo. Sababu ni kwamba chombo kinachoyaletea mpira na habari kimesimama juu ya ikweta kwenye longitudo 7 mashariki, juu ya Ghuba ya Guinea, si mbali na kisiwa cha São Tomé. Fundi anayefunga dishi huko, akilisogeza kidogo kidogo huku mwenziwe akiangalia alama za king'amuzi ndani ya nyumba, anafanya kazi ya falaki kwa mikono yake, ijapokuwa hakuna aliyemwambia hivyo. Kwenye duara hiyo hiyo, juu ya longitudo sifuri, kuna Meteosat ya Wazungu wa Ulaya, ambayo hulipiga picha bara zima la Afrika kila dakika 10, na kwa picha hizo, pamoja na vipimo vingine, Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania hutabiri kama mvua za Novemba zitawahi au zitachelewa. Juu kwa kilomita 20,200 hupita setilaiti za GPS za Marekani, ambazo saa zake, kama Einstein alivyotangulia kueleza, huenda mbele ya saa za ardhini kwa sehemu 38 katika milioni za sekunde kila siku, na hilo lisipofanyiwa hesabu mpima ardhi wa Kibondo angepotea kilomita kadhaa kabla ya jua kuchwa.

Zilizo na uzito zaidi katika hoja yangu, hata hivyo, ni zile zipitazo chini zaidi na kupiga picha za ardhi. Landsat ya kwanza ilirushwa tarehe 23 Julai 1972, na tangu mwaka 2008 picha zote za Landsat, mpya na za zamani, hutolewa bure kwa yeyote anayezitaka. Kila nukta ya picha zake za sasa ni kipande cha ardhi cha mita 30 kwa mita 30, yaani pungufu kidogo ya robo eka, na chombo kimoja hurudi mahali pale pale kila siku 16. Sentinel-2 za Umoja wa Ulaya, zilizoanza mwaka 2015, huona kipande cha mita 10 kwa mita 10, na zikiwa mbili hurudi kila siku 5. Vyombo hivi huona rangi ambazo jicho la binadamu halizioni: jani lenye afya humeza mwanga mwekundu na kuurudisha ule ulio ng'ambo ya wekundu, na jani linalonyauka hupunguza kuurudisha, basi kwa kulinganisha miali hiyo miwili mtu aliye Nairobi au Roma aweza kujua kama mahindi ya kata fulani ya Kasulu yanaelekea kufaulu au kufa, pengine kabla afisa ugani hajapata mafuta ya pikipiki ya kwenda kuyaona.

Nyanda hizi zimetazamwa sana, na kwa sababu ya huzuni. Kambi ya Nyarugusu, wilayani Kasulu, ilifunguliwa mwaka 1996 kuwapokea wakimbizi waliotoka Kongo. Nduta, wilayani Kibondo, ilifunguliwa tena Oktoba 2015 Warundi walipokimbia machafuko yaliyoanza kwao Aprili mwaka huo. Na Mtendeli ya Kakonko ilifunguliwa mapema mwaka 2016, ikafungwa mwaka 2021. Maelfu ya watu wanapofika mahali pasipo mji, picha ya kutoka juu huwa ndiyo ramani ya kwanza: hutumika kuhesabu mapaa, kupanga njia za maji na vyoo, na kukisia ni mahema mangapi yanahitajika kabla ya mvua. Wataalamu wa kituo cha setilaiti cha Umoja wa Mataifa, UNOSAT, kazi yao ya kila siku ni hiyo, kuchora ramani za mafuriko, vita na makambi kwa picha za angani. Picha hizo hizo huonyesha pia msitu ulio kandokando ya kambi ukirudi nyuma, kwa kuwa kila familia, mkimbizi na mwenyeji, hupika kwa kuni. Na tukiunganisha picha za miaka ya 1980 na za leo, habari ya kila wimbi la wakimbizi imeandikwa juu ya miti ya Kibondo na Kasulu.

Hapa ndipo shahidi anapohitajika. Msitu wa nchi hii ni wa miombo, na miombo hupukutisha majani wakati wa kiangazi. Picha ya mwezi wa Agosti yaweza kuuonyesha msitu ulio hai ukiwa na rangi ya shamba lililovunwa. Moto wa nyasi hupita ukaacha weusi, na baada ya wiki chache ardhi huchipua upya, ilhali aliyepata picha ya siku ya weusi aweza kuandika kwamba msitu umekwisha. Kuanzia Novemba hadi Aprili mawingu hufunika vilima, hata picha za kawaida haziambulii kitu, na mawingu hayo hupenywa na rada tu, mfano wa ile ya Sentinel-1 iliyorushwa mwaka 2014. Aidha, picha huona mti umekatwa isione ni nani aliyeukata, wala kwa haja gani, wala kama mpaka wa hifadhi aliouvuka ulikuwa umewekewa alama anayoweza kuiona mtu aliye chini. Mwenye kuishika picha pekee na kuhukumu kwayo ni kadhi aliyeisikiliza hesabu akamfukuza shahidi. Mwanakijiji asipoweza kuisoma picha hiyo, hana awezalo kujibu ila kuapa kwamba anasema kweli, na kiapo mbele ya ramani yenye rangi hakina nguvu.

Kuna upande wa pili wa habari hii, nao ni wa manufaa ambayo watu wa huku wameyakosa kwa kutoambiwa. Radi ni jambo zito katika mkoa wa Kigoma. Hupiga mashamba, shule na zizi la mifugo, na wapo bado wanaoamini kwamba hutumwa na jirani mwenye kijicho, hata mzee asiye na hatia akaandamwa na tuhuma kwa sababu wingu lilipita juu ya nyumba ya mgomvi wake. Mwezi wa Novemba 1997 Marekani na Ujapani zilirusha chombo cha kupima mvua za nchi za joto, TRMM, kikiwa na jicho maalumu la kuhesabu radi, na wataalamu walipokwisha kuzijumlisha hesabu za miaka 16 walitangaza mwaka 2016 kwamba mahali penye radi nyingi kuliko pote duniani ni Ziwa Maracaibo la Venezuela, na pa pili, ambapo ndipo pa kwanza katika Afrika, ni Kabare katika Kivu Kusini. Kutoka Kibondo mpaka Kabare kwa mstari ulionyooka hakufiki kilomita 300. Tumeishi jirani ya kitovu cha radi cha bara zima, mahali ambapo mvuke wa maziwa hukutana na milima na hewa ya moto ya bonde la Kongo, na habari hiyo, ambayo ingetosha kumwokoa mzee na tuhuma na kuishawishi kila kamati ya shule iweke kinga ya radi juu ya paa, imebaki katika majarida ya wataalamu. Laiti ingesomwa katika mkutano mmoja wa kijiji, ingefanya kazi kuliko mahubiri mengi.

Mtu asiseme kwamba wanakijiji hawawezi kuzielewa picha hizi, maana jambo hilo limekwisha kujaribiwa katika mkoa huu huu. Taasisi ya Jane Goodall, ambayo mwasisi wake alifika Gombe mwezi wa Julai 1960, ililinganisha picha za Landsat za mwaka 1972 na za 1999, ikaona jinsi misitu iliyo nje ya hifadhi ilivyotoweka wakati ile ya ndani ilipokuwa imesimama. Mtaalamu wake wa ramani, Lilian Pintea, hakuzifungia picha ofisini. Zilipopatikana picha kali zaidi, zionyeshazo kitu cha ukubwa wa mita moja, alizichapisha akazipeleka vijijini, na wazee ambao hawakupata kuiona dunia kutoka juu waliinama juu ya karatasi wakazitambua nyumba zao, njia zao, mti fulani na mahali patakatifu pa mababu. Hapo mazungumzo yaligeuka, kwa sababu picha iliacha kuwa hati ya mashtaka ikawa mali ya mkutano, na vijiji vikaitumia kupanga matumizi ya ardhi yao na kutenga misitu yao wenyewe, wakachaguliwa vijana wa kuzunguka na simu zenye GPS na kuandika walichokikuta, mtego, kisiki au kundi la sokwe. Hesabu na ushahidi vilikuwa vimekutana, na mkutano huo uliwezekana kwa karatasi, usafiri na mtu mwenye subira ya kueleza.

Najua litakaloulizwa: je, si bora Tanzania nayo iwe na setilaiti yake? Jirani zetu wamekwisha kutangulia. Ethiopia na Rwanda zilirusha zao mwaka 2019, Uganda mwaka 2022, na Kenya ilirusha Taifa-1 tarehe 15 Aprili 2023 ili kuangalia mashamba na misitu yake. Siipingi nia hiyo hata kidogo, kwa kuwa mhandisi kijana hujifunza kwa kutengeneza mambo ambayo hawezi kuyajifunza kwa kutazama, na taifa lisilokuwa na wahandisi wa namna hiyo litakuwa mnunuzi milele. Lakini mpangilio wa mambo una maana. Chombo kidogo cha namna hiyo hudumu miaka michache, kisha huanguka na kuungua katika anga. Na picha zake hazitakuwa bora kuliko zile za Landsat na Sentinel ambazo leo hii zipo, bure, zikingojea msomaji. Ikiwa zilizopo hazisomwi Kasulu, nyingine yenye bendera yetu ubavuni haitasomwa pia, na fahari ya siku ya kurushwa itapita pamoja na picha za magazeti.

Wapo pia watakaohofu usalama, wakisema si vema kila mtu aione nchi kutoka juu. Hofu hiyo ningeiheshimu laiti kuficha kungewezekana. Madhali mwanafunzi wa Beijing au wa Boston aweza kuitazama Kibondo atakapo, kumficha mwanakijiji wa Kibondo ni kumnyima mtu mmoja tu katika dunia nzima, naye ndiye mwenye haki zaidi ya kuona.

Basi yafaa yafanyike mambo matatu, nayo hayapiti uwezo wa halmashauri zetu. La kwanza, kila halmashauri ya nyanda hizi, Kasulu, Kibondo, Kakonko na Buhigwe, iwe na mtumishi mmoja aliyefundishwa kusoma picha za setilaiti, awe wa ardhi, misitu au kilimo, apewe kompyuta na bando la kutosha, na kazi yake ipimwe kwa idadi ya vijiji alivyovifikishia habari. La pili, kila mwaka picha ya kijiji ichapishwe kwa ukubwa, ibandikwe katika ofisi ya kijiji, na isomwe kwenye mkutano mkuu pamoja na ile ya mwaka uliotangulia, ili mwenye kubisha abishe mbele ya watu na mwenye kushuhudia ashuhudie. Na hakuna mtu atakayeondolewa shambani kwa ushahidi wa picha ambayo hakupata kuonyeshwa. La tatu, falaki ifundishwe mashuleni kwa macho. Tarehe 1 Septemba 2016 jua lilipopatwa na kubaki pete, wananchi na wageni walimiminika Rujewa, wilayani Mbarali, na Dkt. Noorali Jiwaji wa Chuo Kikuu Huria alikuwa miongoni mwa walioieleza hadharani elimu yake. Tarehe 7 Septemba 2025 mwezi ulipatwa wote kuanzia saa 2:30 usiku, na kivuli cha dunia, chenye ukingo wa mviringo, kilikuwa somo kamili lisilotaka kifaa chochote. Mwalimu wa jiografia anayeijua tarehe mapema aweza kuwatoa wanafunzi wake uwanjani, na mwanafunzi aliyekwisha kuielewa duara ya mwezi hatahitaji muda mrefu kuielewa duara ya Sentinel.

Bajeti za halmashauri hujadiliwa kila mwaka, na madiwani wa Kasulu na Kibondo wanao uwezo wa kuuliza swali hili kwa maandishi: ni nani katika ofisi zetu anayesoma picha za wilaya yetu, na mara ya mwisho alizipeleka kijiji gani? Nawasihi waliulize katika kikao kijacho, na wananchi waliowachagua wawadai majibu.